Sinema ya «Amri Kumi» na kimya cha kitabu cha Kutoka

Kati ya sinema zilizotengenezwa juu ya Maandiko Matakatifu, moja inajulikana sana kwa wakristu wetu: ni ile ya «Amri Kumi», kazi ya Bwana Cecil B. DeMille, iliyotoka Marekani mwaka 1956. Watu walioiona hawaisahau. Ukiuliza wakatekumeni wasimulie maisha ya Musa, si ajabu kusikia mumoja anaanza na habari za Nefretiri, binti wa kifalme aliyemupenda Musa, ao za Baka, mukubwa wa wajengaji aliyeuawa na Musa. Majina hayo mawili hayamo katika Biblia. Yamo katika sinema tu.

Hatuandiki kusudi tukataze wakristu wasiangalie sinema hiyo. Ina mambo mengi mazuri. Tunataka kutazama nusu yake ya kwanza, tangu kuzaliwa kwa Musa hata kichaka kinachowaka moto, maana ni pale sinema inakatwa kusudi watu wapumzike. Nusu hiyo inapita saa mbili. Ndani yake Bwana DeMille aliongeza mambo mengi kuliko katika nusu ya pili, na vilevile aliacha neno moja ambalo, kwa sisi wa Sake, Masisi na Walikale, halifai kuachwa hata kidogo. Tutalisema mahali pake.

I. Mutengenezaji na kazi yake

Cecil B. DeMille alizaliwa mwaka 1881. Hii haikuwa sinema yake ya kwanza juu ya Biblia. Mwaka 1923 alikuwa amekwisha kutengeneza «Amri Kumi» ingine, ya zamani, isiyo na sauti. Mwaka 1927 akatengeneza «Mufalme wa Wafalme», juu ya maisha ya Bwana wetu Yezu Kristu. Kwa kazi hiyo aliomba mashauri ya padri mumoja Mujezuiti, Daniel Lord.

Mwaka 1954, akiwa na miaka 73, alienda Misri na Sinai pamoja na watu wake kuchukua picha. Alijenga kule mulango mukubwa wa muji wa Farao. Siku moja, alipokuwa anapanda ngazi ndefu ya mulango huo, moyo wake ulishikwa na ugonjwa mukali. Kisha siku chache tu akarudi kazini. Sinema ilimaliza dola karibu milioni 13, nayo inachukua muda wa saa tatu na dakika 40. Charlton Heston alicheza Musa, na Yul Brynner akacheza Rameses. Mutoto muchanga anayeonekana ndani ya kikapu ni mwana wa Charlton Heston mwenyewe, aliyezaliwa wakati ule. Bwana DeMille alikufa mwezi wa kwanza wa mwaka 1959.

Mbele ya habari kuanza, DeMille mwenyewe anatokea mbele ya pazia na kusema na watu. Anawaambia kwamba habari hii inauliza kama wanadamu wataongozwa na sheria ya Mungu ao na mapenzi ya mutawala mumoja kama Rameses. Kama mutu ni mali ya serikali ao ni huru chini ya Mungu. Tukumbuke ulikuwa wakati gani. Marekani ilikuwa inashindana na Wakomunisti wa Urusi, na watu wa kule walisikia mara moja alitaka kusema nini. Lakini swali lenyewe ni kubwa kuliko ugomvi wa miaka ile.

II. Sinema na kazi ya Eklezia katika inchi yetu

Eklezia haikungoja mwaka 1956 kusudi ifikiri juu ya sinema. Tarehe 29 mwezi wa sita 1936 Papa Pio XI alitoa barua «Vigilanti cura», inayoonya juu ya sinema mbaya na kusifu sinema nzuri. Tarehe 8 mwezi wa kenda 1957 Papa Pio XII alitoa «Miranda prorsus», juu ya sinema, radio na televizioni. Na mwaka 1963 Konsilio ya pili ya Vatikano ikatoa «Inter mirifica».

Katika Kongo ya Wabelgiji, serikali iliweka sheria kali: tangu mwaka 1945 watu weusi hawakuwa na ruhusa ya kuona sinema yoyote isiyokubaliwa kwanza na wale waliowekwa kuzichagua. Ndiyo maana mapadri wenyewe walianza kutengeneza sinema kwa ajili ya watu wetu. Katika Kasai, Padri Albert Van Haelst, wa shirika la Scheut, alitengeneza zile za Matamata na Pilipili, ambazo watu walizicheka sana. Kule Léopoldville, Padri Alexandre Van den Heuvel, wa shirika lile lile, alifanya vilevile. Na hapa kwetu Kivu, Mapadri Weupe walikuwa na kazi yao Bukavu, jina lake Africa Films, iliyoongozwa na Padri Roger De Vloo.

Mapadri wale walijifunza neno moja lenye faida hata leo. Picha peke yake haitoshi. Sinema ilipoonyeshwa katika misioni, mutu mumoja alisimama karibu na kitambaa cheupe, akafasiri kwa luga ya watu mambo yanayopita mbele ya macho yao. Bila mutu yule, wengi walicheka mahali pa kulia, na kulia mahali pa kucheka. Wakati huu sinema inaingia nyumbani, katika televizioni na telefone, na mufasiri hayuko. Kazi yake imemurudilia katekista.

III. Kati ya mistari miwili

Fungua kitabu cha Kutoka, sura ya pili. Katika mustari wa 10, mutoto analetwa kwa binti Farao, anakuwa mwana wake, anapewa jina la Musa. Katika mustari wa 11, Musa amekwisha kuwa mutu muzima, anatoka kuenda kuona taabu ya ndugu zake. Kati ya mistari hiyo miwili hakuna neno. Mutakatifu Stefano, katika Matendo ya Mitume sura ya 7, anasema kwamba Musa alifundishwa hekima yote ya Wamisri, na kwamba alikuwa na miaka 40 alipoenda kutazama ndugu zake. Basi, ni miaka 40 ya kimya.

Sehemu kubwa ya nusu ya kwanza ya sinema imejengwa ndani ya kimya hicho: ugomvi wa Musa na Rameses juu ya kiti cha kifalme, mapendo ya Nefretiri, muji unaojengwa kwa heshima ya Farao Sethi, muzee Memnet anayeficha kitambaa cha mutoto wa Kiebrania. Bwana DeMille hakuficha neno hilo. Mwanzoni mwa sinema anaandika wazi mahali alipotoa habari zake: katika vitabu vitatu vya hadisi vya wakati wetu, na katika maandiko ya zamani ya Philo, ya Flavius Josephus, ya Askofu Eusebius, ya walimu wa Wayahudi, na katika Maandiko Matakatifu.

Philo na Josephus walikuwa Wayahudi wa wakati wa Mitume. Philo aliishi Alexandria, katika Misri. Josephus aliandika Roma, karibu ya mwaka 93 kisha Kristu. Kazi yao ina faida kwa mutu anayesoma historia, lakini si Neno la Mungu. Papa Pio XII, katika barua «Divino afflante Spiritu» ya mwaka 1943, alitufundisha kutafuta kwanza namna gani mwandishi wa zamani aliandika na alitaka kusema nini. Tukifuata shauri hilo, tutauliza: mbona mwandishi mutakatifu alinyamaza juu ya nyumba ya kifalme? Mbona hakutuambia hata jina la Farao?

IV. Nyota ao wazalishaji

Katika sinema, mambo yanaanza na nyota. Wenye hekima wa Misri wameona nyota mbaya, nao wanamwambia Farao kwamba atazaliwa mukombozi wa watumwa. Kwa hiyo Farao anaamuru watoto wanaume wa Waebrania wauawe. Habari inafanana na ile ya Herode na Wamajusi katika Evanjili ya mutakatifu Mateo. Josephus vilevile anasema kwamba mwandishi mumoja wa Wamisri alitabiri kuzaliwa kwa Musa.

Lakini kitabu cha Kutoka hakisemi hivi. Katika sura ya kwanza, Farao haogopi mutoto mumoja. Anaogopa watu wa kabila lingine, sababu wamezidi kuwa wengi. Anawaambia watu wake kwamba wageni hawa wamekuwa na nguvu kupita wenyeji, na kwamba vita ikitokea watajiunga na adui. Ubaya wote wa Misri unatoka katika neno hilo.

Tuangalie sasa ginsi ubaya ule unavyokwenda hatua kwa hatua. Hatua ya kwanza ni kazi: Farao anaweka wasimamizi, anawachosha watu kwa kujenga miji ya Pitomu na Ramesesi. Hatua ya pili ni siri: anaita wazalishaji, ndio wamama wanaosaidia wamama wengine kuzaa, na kuwaamuru waue kila mutoto mwanaume pale anapozaliwa, bila watu kujua. Hatua ya tatu ni wazi kabisa: anaamuru watu wake wote watupe watoto wale mutoni. Kwanza alidanganya watu kwa maneno ya hofu. Mwisho aliwafanya wote kuwa wauaji. Asingeweza kuanza na hatua ya tatu. Watu wangekataa.

Katika hatua ya pili wako wamama wawili, majina yao Shifra na Pua. Walimuogopa Mungu, hawakufanya alivyoamuru Farao. Alipowaita na kuwauliza, walijibu kwa werevu. Wataalamu wanabishana kama walikuwa Waebrania ao Wamisri waliozalisha Waebrania, maana maneno ya kitabu yanaweza kusomwa namna zote mbili. Josephus anasema wazalishaji wa habari hii walikuwa Wamisri. Kama ni kweli, basi wamama wawili wa kabila la wenye nguvu waliokoa watoto wa kabila lililochukiwa.

Shifra na Pua hawaonekani katika sinema. Nyota imekamata nafasi yao. Ndilo neno tulilosema halifai kuachwa. Mwandishi mutakatifu hakuandika jina la Farao, na hata leo wataalamu wanatafuta alikuwa nani. Wengi wanamutaja Ramses II, lakini hakuna hakika. Lakini majina ya wazalishaji wawili aliyaandika. Sinema inafanya kinyume: inatupa majina ya Mafarao watatu, na wazalishaji haiwataji.

Sisi tunaokaa katika pande hizi tunajua kwa nini neno hilo ni zito. Tangu mwaka 1937 hata 1955 serikali ya Wabelgiji ilileta jamaa nyingi kutoka Rwanda, ikawaweka katika milima ya Masisi, wengi wao kwa ajili ya kazi ya mashamba makubwa. Wengine waliosema luga ile walikuwa wamekwisha kukaa katika Kivu mbele yao. Kisha yakaja maswali: nani ni mwenyeji, nani ni mugeni, nani wamekuwa wengi, nani atapata shamba, nani atatawala. Mwaka 1993 maswali hayo yaligeuka kuwa vita katika Walikale na Masisi, na watu wengi sana wakauawa, wa makabila mbalimbali. Tangu pale vita imerudi mara nyingi, kila mara kwa sura ingine.

Hatuandiki hapa kusudi tuhukumu kabila lolote. Kila kabila lina wafu wake, na kila kabila limesikia kati yake maneno ya Farao: wale wamezidi, wale watajiunga na adui, tuwatangulie. Mahubiri yanayosema tu juu ya Farao wa zamani na nyota yake hayamugusi mutu. Mahubiri yanayosema juu ya hofu ya hesabu ya watu yanamugusa kila mumoja mahali alipo. Na tena yanamuonyesha njia: wamama wawili, wasio na askari wala mali, walisema hapana katika hatua ya pili, mbele ya kufika ya tatu. Tunao katika vijiji vyetu wamama wazalishaji, na wauguzi wa dispansari. Mbele ya mama anayezaa, hawaulizi kabila lake. Habari ya Shifra na Pua ni yao.

V. Musa katika inchi ya Kushi

Musa anapoonekana katika sinema kwa mara ya kwanza akiwa mutu muzima, anarudi kutoka vita ya Etiopia, ndiyo Kushi ya zamani, kusini mwa Misri. Ameleta zawadi nyingi mbele ya Sethi, pamoja na mufalme wa Etiopia na dada yake Tharbis. Rameses anataka wapige magoti kama watu walioshindwa. Musa anakataa; amewaleta kama marafiki.

Habari hii haimo katika Biblia, lakini ni ya zamani sana. Myahudi mumoja wa Misri, jina lake Artapanus, aliyeishi mbele ya Kristu, aliandika kwamba Musa aliongoza vita juu ya Waetiopia. Maneno yake tunayo sababu Eusebius aliyaweka katika kitabu chake. Josephus aliongeza kwamba Musa alipita njia yenye nyoka nyingi, akachukua ndani ya vikapu ndege zinazokula nyoka, na kwamba Tharbis, binti wa mufalme, alimupenda, akaolewa naye.

Kwa nini wazee wale walisimulia hivyo? Bila shaka walikuwa wanafikiri juu ya kitabu cha Hesabu, sura ya 12. Pale tunasoma kwamba Miriamu na Haruni walimusema Musa vibaya sababu ya muke wake Mukushi. Wengine wanafikiri ni Sefora mwenyewe. Wengine wanasema ni muke mwingine. Lakini jibu la Mungu linajulikana: alimutetea Musa, na Miriamu akapigwa na ukoma, ngozi yake ikawa nyeupe kabisa.

Tuseme wazi: sinema inawapa Waafrika heshima kwa dakika chache, kisha hatuwaoni tena kama wafalme. Mutu aliyecheza mufalme wa Etiopia, Woody Strode, Mumarekani mweusi, anaonekana tena katika sinema ile ile akichukua kiti cha Bithiah begani. Na sura ya 12 ya kitabu cha Hesabu haikuonyeshwa hata katika nusu ya pili. Biblia imefanya vizuri zaidi. Haikumuweka Mukushi katika nyumba ya Farao pamoja na zawadi na ngoma. Ilimuweka ndani ya nyumba ya nabii, na Mungu mwenyewe akakaripia jamaa iliyomukataa.

Tena, sisi wa Kivu hatuko mbali na habari za Nili kama watu wanavyofikiri. Maji ya Rutshuru yanaingia katika ziwa Edward, yanapita Semuliki, yanafika ziwa Albert, na kule yanajiunga na Nili kushuka mupaka Misri. Wataalamu wa mawe na udongo wanasema kwamba zamani sana hata maji ya Kivu yalikwenda kaskazini, mbele ya volkano za Virunga kufunga njia; sasa yanapita Ruzizi na Tanganyika kuenda muto Kongo. Katekista wa Rutshuru anaweza kusema bila uongo kwamba maji ya kwao yanaelekea muto ule uliobeba kikapu cha Musa.

VI. Matofali na fimbo

Sehemu inayogusa sana watu ni ile ya watumwa wanaojenga muji. Tunaona mawe makubwa yanavutwa kwa kamba, watu wanakanyaga udongo wa matofali, fimbo inapiga mugongoni. Muzee mumoja, mwanamuke, anayepaka mafuta chini ya jiwe, nguo yake inakamatwa, karibu jiwe limusage. Ni Yokebedi, mama wa Musa, lakini Musa bado hajui. Yoshua anamupiga musimamizi kusudi amuokoe. Musa anasimamisha kazi. Kisha anafungua gala la hekalu, anawapa watumwa ngano, na kuwapa siku moja ya kupumzika katika siku saba.

Siku ya kupumzika haikutungwa na DeMille tu. Walimu wa Wayahudi wa zamani walisimulia kwamba Musa, akiwa bado katika nyumba ya Farao, alimuomba awape watumwa siku moja ya pumziko. Lakini angalieni sababu anayoitoa Musa katika sinema mbele ya Sethi. Anasema kwamba mutu mwenye nguvu anafyatua matofali mengi, na aliyekufa hafyatui hata moja. Farao anaona muji umesimama, anafurahi. Huruma imepimwa katika mizani pamoja na matofali.

Watu wa inchi yetu wanajua hesabu ile. Mwaka 1917 serikali ya Wabelgiji ilianza kulazimisha watu wa vijiji kulima mazao iliyoyataka, siku 60 kwa mwaka. Mwaka 1942, wakati wa vita kubwa, zikaongezwa kuwa 120. Na mutu aliyekawia alijua kiboko. Wako wakubwa wa kazi waliowalisha watu vizuri, wako waliowalisha vibaya. Lakini wote waliweza kusema neno lile la mizani.

Amri ya Mungu inatoka mahali pengine. Katika kitabu cha Kumbukumbu la Sheria, sura ya 5, Mungu anaamuru pumziko kwa mutumishi mwanaume na mwanamuke, na sababu yake ni hii: Waisraeli wenyewe walikuwa watumwa katika Misri, na Mungu akawatoa. Mutu anapumzika sababu ni mutu. Kama faida ya kazi inazidi ao inapunguka, amri haibadiliki. Katekista asiruhusu watu warudi nyumbani na sababu ya Sethi peke yake.

Hata hivi tusifu sinema mahali inapostahili. Musa anapojua kwamba yeye ni Mwebrania, anaacha nyumba ya kifalme, anaingia katika shimo la udongo pamoja na ndugu zake. Biblia haisemi kwamba Musa alifanya matofali. Lakini barua kwa Waebrania, sura ya 11, inafundisha kwamba kwa imani Musa alikataa kuitwa mwana wa binti Farao, akachagua kuteswa pamoja na watu wa Mungu. Pale sinema imeongeza picha bila kuharibu mafundisho.

VII. Kukimbia, na kichaka

Katika sinema, Musa anamuua Baka kusudi aokoe Yoshua aliyefungwa na kupigwa. Datani anaona, anamupelekea Rameses habari. Musa anafungwa, analetwa mbele ya Sethi, anasimama bila woga. Sethi anaamuru jina lake lifutwe pote, na Rameses anamupeleka mupaka wa jangwa.

Kitabu cha Kutoka kinasimulia kwa mistari michache, na Musa wake si shujaa wa namna ile. Aliona Mumisri anapiga Mwebrania. Akatazama huku na huku, akaona hakuna mutu, akamuua, akamuficha katika muchanga. Kesho yake akakuta Waebrania wawili wanapigana. Alipomukaripia mwenye makosa, yule akamuuliza ni nani aliyemuweka kuwa mukubwa na muamuzi wao, na kama anataka kumuua yeye vilevile. Musa akaogopa. Farao akatafuta kumuua, naye akakimbia inchi ya Midiani.

Hapa sinema inapoteza kitu. Aliyemufunua Musa katika Biblia si adui wala mupelelezi wa mufalme. Ni ndugu yake, naye alisema ukweli: mutu aliyeua kwa siri, kwa mamlaka gani atapatanisha wengine? Musa alitaka kukomboa watu kwa mukono wake, akaishia kuficha maiti. Alihitaji miaka 40 ya kuchunga kondoo mbele ya kutumwa na Mungu. Vijana wetu, ambao wengi wameitwa kushika silaha kwa jina la kuokoa ndugu zao, wanastahili kusikia neno hili polepole, bila muziki wa sinema.

Na tena Musa alikuwa mukimbizi. Alipozaa mwana Midiani, alimuita Gershomu, jina linalokumbusha ugeni wa baba yake. Sake inajua wakimbizi. Ni pale barabara inayotoka Goma inagawanyika: moja inapanda Masisi na kuenda Walikale, ingine inafuata ziwa kuelekea Minova na Bukavu. Mwaka 2024, na tena mwanzo wa 2025, watu walipita pale makundi makundi na vitu vyao kichwani, na wenyeji wa Sake wakakimbia vilevile. Kwa watu hao, Musa wa Midiani si habari ya mbali.

Mwisho wa nusu ya kwanza, Musa anapanda mulima na kuona kichaka kinachowaka. Sauti inayotoka katika moto ni ya Charlton Heston mwenyewe, iliyofanywa kuwa nzito na ya polepole. Katika Biblia mazungumzo yale ni marefu, na Musa anajaribu mara tano kukataa kutumwa. Sinema imeyafupisha. Mwalimu ayasome yote, sura ya 3 na ya 4, maana seminari zetu zina vijana wanaojibu Mungu kama Musa: mimi ni nani, sijui kusema, tuma mwingine.

Juu ya moto wenyewe, watu wa Sake hawahitaji picha ya Marekani. Moto wa Nyamulagira uliotoka mwaka 1938 ulidumu hata 1940, ukashuka karibu na Sake mupaka kuingia ziwani. Mawe yake meusi yako pale. Moto ule ulikula kila muti na kila shamba lililokuwa njiani. Wazee waliuona. Basi muwaambie watoto: Musa alijua moto, alijua unavyofanya. Alisimama na kushangaa sababu moto huu uliwaka na haukula kichaka. Nguvu ya Farao inakula kile inachogusa. Mungu anakaa ndani ya kichaka kidogo, na kichaka kinabaki kizima.

VIII. Shauri kwa wanaoonyesha sinema hii

Mutu akitaka kuonyesha sinema ya «Amri Kumi» katika parokia, ao kuzungumza na watu walioiona nyumbani, afanye hivi.

Kwanza, asimame pale sinema inapokatwa, asiendelee siku ile ile. Nusu ya kwanza inatosha kwa mazungumzo ya jioni nzima.

Pili, aulize watu maswali matatu: Farao wa Biblia aliogopa nini? Nani walikuwa wa kwanza kumukatalia? Kwa nini ndugu yake Musa hakumukubali? Majibu hayamo katika sinema. Watayatafuta katika Kitabu, na watayapata upesi.

Tatu, mbele ya kuwasha mashine, asome kwa sauti sura ya kwanza na ya pili ya kitabu cha Kutoka. Ni mistari 47 tu. Msomaji asiyeharakisha anaimaliza kwa muda wa robo saa. Afike mustari wa 15 wa sura ya kwanza, atamke majina ya Shifra na Pua wazi, na ayarudilie mara ya pili, kusudi wale walio nyuma wayasikie vilevile.